WILLIAM HOGARTH: MCHORAJI ALIYEUONYESHA MJI SURA YAKE

Katika kurasa hizi tumezoea kusoma maisha ya maaskofu, wamisionari na watu wengine waliojulikana kwa mahubiri au kwa madaraka. Safari hii nawaletea habari za fundi. Jina lake ni William Hogarth wa London, aliyefariki mwaka 1764. Silaha zake zilikuwa brashi ya rangi na kalamu ya chuma ya kuchongea mabamba ya shaba. Hakuwa padre, hakuwa mbunge, wala hakuzaliwa katika utajiri. Hata hivyo kazi ya mikono yake iligusa magereza, hospitali, watoto waliotupwa, ulevi, na hata sheria za nchi. Maisha yake yanatusaidia kujibu swali ambalo wazazi wengi huuliza mtoto wao akionyesha kipaji cha kuchora: je, kuchora kunaleta faida gani?

Mtoto wa mwalimu mwenye deni

William alizaliwa tarehe 10 Novemba 1697, karibu na soko la mifugo la Smithfield. Baba yake, Richard Hogarth, alikuwa mwalimu kutoka mashamba ya kaskazini ya Uingereza, aliyekuja mjini kutafuta maisha. Alifundisha watoto na kuandika vitabu vya Kilatini vya shule. Vitabu vilikuwa vizuri, lakini havikumpa mkate. Ndipo akafungua mkahawa ambamo wateja walialikwa kunywa kahawa huku wakizungumza Kilatini. Msomaji hatashangaa kusikia kwamba biashara ile ilianguka.

Katika siku zile mtu aliyeshindwa kulipa deni alitiwa gerezani, naye alikaa humo mpaka deni lilipwe. Jinsi mfungwa atakavyopata fedha za kulipia ilikuwa shauri lake. Richard alifungwa kwa ajili ya madeni yake katika gereza la Fleet, na jamaa yake wote wakaishi katika eneo la gereza hilo kwa miaka kadhaa, hadi mwaka 1712 ilipotoka sheria ya kuwaachilia wadaiwa. Mama yake William aliuza dawa za kuchua alizotengeneza mwenyewe ili watoto wapate kula. Mvulana yule alikuwa na umri wa miaka kumi na kitu, umri ambao mtoto huona kila jambo na hasahau. Baba yake alifariki mwaka 1718, akiwa amechoka na amevunjika moyo. William aliamini mpaka mwisho wa maisha yake kwamba wachapaji na wauza vitabu walikuwa wamemdhulumu baba yake jasho lake.

Nimeanza na habari hizi kwa sababu mchoraji huyu hakujifunza shida za maskini kwa kusimuliwa. Alipochora baadaye mlango wa gereza, alikuwa anachora mlango aliopita yeye mwenyewe.

Kujifunza kazi

Mwaka 1714 hivi William aliwekwa kwa fundi mmoja wa nakshi za fedha, Ellis Gamble, awe mwanafunzi wake wa kazi. Kazi yenyewe ilikuwa kuchonga nembo za matajiri juu ya sahani na vikombe. Ilimchosha. Alitaka kuchora watu, si simba na maua. Mwaka 1720 akaanza kujitegemea, akichonga kadi za wafanyabiashara na picha za vitabu, na wakati huohuo akihudhuria shule za uchoraji mjini.

Alikuwa na desturi moja ambayo walimu wenzangu wataipenda. Badala ya kukaa kutwa nzima akinakili picha za watu wengine, alitembea barabarani akitazama nyuso za watu, kisha akazihifadhi kichwani mpaka arudi nyumbani. Yasemekana kwamba akikutana na sura ya ajabu na hana karatasi, aliichora juu ya ukucha wa kidole gumba. Alikuwa mtu mfupi, mkali, mwenye kovu kwenye paji la uso, mpenda ubishi na mpenda mbwa. Katika picha yake aliyojichora mwaka 1745 amekaa pamoja na mbwa wake, na si rahisi kusema nani kati yao ana kiburi zaidi.

Mwaka 1729 mambo mawili makubwa yalitokea katika maisha yake. La kwanza, alimwoa Jane, binti wa mchoraji maarufu wa mfalme, Sir James Thornhill, bila idhini ya baba. Mzee alikasirika, lakini baadaye akalainika alipoona kazi ya mkwewe. La pili lilihusu gereza lile la Fleet. Bunge liliunda kamati, chini ya James Oglethorpe, ichunguze magereza ya wadaiwa, nayo ikagundua kwamba mkuu wa gereza la Fleet, Thomas Bambridge, alikuwa akiwatesa na kuwafunga pingu wafungwa ili awanyang'anye fedha. Hogarth aliichora kamati ile ikiwa kazini: mfungwa mwenye matambara amepiga magoti, pingu ziko wazi mbele ya wabunge, na Bambridge amesimama pembeni, uso umembadilika. Yule mtoto wa mdaiwa alikuwa amerudi gerezani mwa baba yake, mara hii na brashi mkononi.

Picha zinazosimulia

Wachoraji wengi wa wakati ule waliishi kwa kuchora sura za mabwana wakubwa na miungu ya Wayunani. Hogarth alifanya jambo jipya. Alichukua mtu wa kawaida wa London akamfuata katika picha moja baada ya nyingine, kama sura za kitabu, tangu mwanzo wa kosa lake mpaka kaburini. Kisha akazichonga picha hizo katika mabamba ya shaba na kuzipiga chapa. Picha moja ya rangi hukaa ukutani kwa tajiri mmoja, bali picha ya chapa huenda kila mahali, na asiyejua kusoma huielewa.

Mfululizo wa kwanza ulitoka mwaka 1732, picha sita za msichana wa shamba anayekuja mjini kutafuta kazi. Katika picha ya kwanza ameshuka tu kwenye gari la farasi, na mwanamke mzee mwenye maneno matamu anamshika kidevu. Nyuma ya mlango bwana tajiri anangoja. Watu wa London walizitambua nyuso hizo, kwa maana zilikuwa nyuso za watu waliojulikana mjini. Pembeni yupo padre juu ya farasi. Msichana anapotea hatua chache kutoka kwake, lakini padre amempa mgongo, anakaza macho kusoma anwani ya barua kwa Askofu, na farasi wake anaangusha vyombo. Hogarth hakuandika neno la kumshutumu padre yule. Alimchora tu. Nadhani kila mmoja wetu mwenye wadhifa kanisani anafaa kuitazama picha hiyo mara moja kwa mwaka.

Picha zilizobaki zaonyesha msichana akiwekwa kinyumba, kisha akiuza mwili, kisha akiponda katani gerezani, kisha akifa kwa ugonjwa. Katika ya mwisho, jeneza liko katikati ya chumba, wanaojidai kuomboleza wanakunywa na kuchezeana, na mtoto wake mdogo amekaa chini akicheza. Msichana alikuwa na umri wa miaka 23. Zaidi ya seti 1,200 ziliagizwa, kila moja kwa gini moja.

Mafanikio hayo yalileta wezi. Kabla hata rangi haijakauka, wachapaji wengine walikuwa wameshanakili picha zake na kuziuza kwa bei ya chini. Hapo Hogarth alimkumbuka baba yake. Badala ya kunung'unika peke yake, alikusanya wachoraji wenzake wakapeleka ombi Bungeni, na mwaka 1735 ikapitishwa sheria ya kumlinda mchonga picha asinyang'anywe kazi yake kwa muda wa miaka 14. Hogarth aliuzuia mfululizo wake wa pili, wa kijana mrithi anayeponda mali mpaka anaishia gerezani na katika nyumba ya wenda wazimu, usitoke mpaka siku sheria ile ilipoanza kufanya kazi. Hadi leo wanaojipatia riziki kwa picha wana deni kwa ombi lile.

Hospitali na watoto waliotupwa

Karibu na mahali alipozaliwa Hogarth ipo hospitali ya kale ya Mtakatifu Bartholomayo. Katika miaka ya 1730 wakuu wake walikuwa na mpango wa kumwita mchoraji kutoka Italia apambe ngazi kuu. Hogarth aliposikia akajitolea kuifanya kazi bila malipo. Alichora picha mbili kubwa mno, moja ya birika la Bethzatha na nyingine ya Msamaria Mwema, akazimaliza mwaka 1737. Wagonjwa waliolala kando ya birika si watu wa kubuniwa. Wana magonjwa ambayo daktari aweza kuyatambua, kwa kuwa mchoraji aliwatazama wagonjwa wa kweli. Hivyo maskini aliyepanda ngazi zile alijiona mwenyewe ndani ya Injili.

Lakini kazi iliyomshika moyo zaidi ilikuwa ya watoto. Nahodha mmoja mstaafu, Thomas Coram, aliyewahi kuunda meli huko Marekani, alikuwa akipita barabarani kuingia London na kuona vichanga vimetupwa kando ya njia, vingine vimekufa, vingine vinakufa. Wengi walizaliwa na wasichana wasio na waume, nao mama zao hawakuwa na pa kwenda. Coram alihangaika miaka 17 akibisha milango ya wakubwa. Wengi walikataa, wakidai kwamba kuwasaidia watoto hao ni kuhimiza dhambi. Mwisho kundi la mabibi wa vyeo lilitia sahihi ombi lake, waume wakafuata, na mwaka 1739 Mfalme George wa Pili akatoa hati ya kuanzisha makao ya watoto waliotupwa.

Hogarth alikuwa miongoni mwa wasimamizi wa kwanza waliotajwa katika hati hiyo. Alichora nembo ya makao. Mwaka 1740 alimchora Coram katika picha kubwa ya aina waliyochorwa wafalme na mawaziri, na akaitoa zawadi. Watu waliingia wakaona nahodha mzee mwenye mvi zake, miguu haifiki vizuri chini, amekalia kiti cha heshima akiwa na muhuri wa hati mkononi. Mchoraji alikuwa anawaambia matajiri, bila kutamka neno, kwamba ukubwa wa mtu hupimwa kwa kazi yake.

Milango ilifunguliwa usiku wa tarehe 25 Machi 1741, watoto 30 wakapokelewa, na wanawake wengi wakarudishwa wakilia kwa sababu nafasi zilikwisha. Mama aliyeacha mtoto aliacha pia kipande cha kitambaa au kitu kingine kidogo, ili siku akiweza kurudi amtambue mwanawe. Wachache sana waliweza kurudi. Mvulana mmoja na msichana mmoja wa siku za kwanza walibatizwa kwa majina ya Thomas Coram na mkewe Eunice.

Makao yalihitaji fedha kila siku, na Hogarth alikuwa na wazo. Aliwashawishi wachoraji wenzake watoe picha zao zitundikwe katika vyumba vya makao. Wakati ule London haikuwa na mahali ambapo mwananchi angeweza kwenda kutazama picha za wachoraji wa nchi yake. Basi watu wenye uwezo walikuja kutazama picha, wakawaona na watoto, wakafungua mifuko. Mtunga muziki Handel naye akajitoa, na tangu mwaka 1750 utungo wake wa Messiah, ambao kwaya zetu huuimba ile sehemu ya Haleluya, ulipigwa katika kanisa la makao ili kuchangia watoto. Mwaka huohuo Hogarth aliiuza picha yake ya askari wakielekea Finchley kwa bahati nasibu, na tikiti zaidi ya 160 zilizobaki akawapa makao. Tikiti moja kati ya hizo ndiyo iliyoshinda. Picha ipo hadi leo katika jumba la kumbukumbu la makao hayo.

William na Jane hawakujaliwa mtoto. Katika nyumba yao ya Chiswick, nje ya mji, walisimamia walezi walionyonyesha watoto wa makao, na wakawachukua wengine kuwalea nyumbani kwao. Tusidhani kwamba yote yalikwenda vizuri. Kati ya mwaka 1756 na 1760 Bunge liliamuru makao yapokee kila mtoto anayeletwa. Wakaja karibu 15,000, na walio wengi walikufa, kwa maana huruma iliyoagizwa kwa sheria haikupewa nyumba na walezi wa kutosha. Lakini shirika lenyewe halikufa. Linaendelea na kazi ya kuwahudumia watoto hadi leo, nalo linaitwa kwa jina la Coram.

Mtaa wa Jini

Sasa tufike kwenye picha iliyomfanya ajulikane duniani kote. Tangu mwanzo wa karne ile serikali ilikuwa imewaruhusu watu wengi kukeneka pombe kali ya nafaka, kwa kuwa wenye mashamba walipata soko na hazina ilipata kodi. Kinywaji hicho, kwa jina jini, kiliuzwa majumbani, vichochoroni na hata juu ya mikokoteni. Jina lake linafanana na jini wa hadithi zetu, nacho kilimpanda mtu kichwani vilevile. Mwaka 1734 mama mmoja alimchukua mtoto wake wa miaka miwili kutoka nyumba ya maskini, akamnyonga, akauza nguo alizopewa mtoto ili anunue kinywaji. Mwaka 1736 Bunge lilijaribu kuzuia biashara kwa leseni ya pauni 50. Karibu hakuna aliyelipa, fujo zikatokea, uuzaji ukahamia mafichoni, na sheria ikafutwa mwaka 1743. Sisi tunaojua habari za gongo na chang'aa hatuhitaji kuelezwa zaidi.

Februari 1751 Hogarth alitoa picha mbili pamoja, Mtaa wa Bia na Mtaa wa Jini. Katika ya kwanza watu wamenenepa, wanacheka, wanakunywa bia baada ya kazi. Katika ya pili, katikati kabisa, mama mwenye vidonda miguuni amekaa juu ya ngazi akichota ugoro, na mtoto wake anaporomoka kutoka mikononi kichwa chini. Mama hajui. Chini yake muuza nyimbo amekonda mpaka mifupa, gilasi mkononi. Seremala anaweka rehani msumeno wake na mwanamke anaweka rehani vyungu vyake. Mtu mmoja anagombania mfupa na mbwa. Mama mwingine anammiminia mtoto mchanga jini kinywani. Nyumba zinaanguka, mtu amejitundika dirini, maiti inatiwa jeneza. Majumba yaliyosimama imara ni ya muuza jini, mweka rehani na mtengeneza majeneza. Kwa mbali wauona mnara wa kanisa la Mtakatifu George, Bloomsbury, na juu yake sanamu ya mfalme. Kanisa na serikali vipo, lakini vipo mbali, na havitazami chini.

Wapo waliosema baadaye kwamba Hogarth aliwaonea maskini, akaonyesha ulevi wao bila kuonyesha njaa iliyowasukuma kunywa. Lawama hiyo ina uzito. Bia peke yake isingeujenga mtaa ule. Lakini atazamaye vizuri ataona kwamba mchoraji hakumwekea maskini mzigo wote. Amemwonyesha pia anayetajirika kwa msiba huo, na mkubwa aliyegeuza uso.

Picha iliuzwa shilingi moja, bei ndogo kuliko kawaida yake, kwa sababu alitaka ienee. Nayo haikusimama peke yake. Mwezi mmoja kabla yake rafiki yake Henry Fielding, hakimu na mwandishi, alikuwa ametoa kitabu juu ya sababu za kuzidi kwa wizi mjini, na Askofu Maddox wa Worcester alikuwa akihubiri dhidi ya jini. Miji kadhaa ilipeleka maombi Bungeni. Mwaka huohuo wa 1751 ikapitishwa sheria mpya, yenye akili kuliko ile ya kwanza, kwa kuwa iliwabana wakenekaji wasiwauzie wachuuzi wasio na leseni. Unywaji ukapungua sana katika miaka iliyofuata. Ni haki kusema kwamba mavuno mabaya na kupanda kwa bei ya nafaka kulisaidia pia. Mwalimu wa kweli hampi mwanafunzi mmoja alama za darasa zima. Lakini sheria, mahubiri na hotuba za mwaka ule wamezisahau walio wengi, na yule mtoto anayeporomoka kutoka ngazini bado anaporomoka mbele ya macho yetu.

Mwaka huohuo alitoa picha nne za ukatili. Mvulana aanza kwa kumtesa mbwa, akikua ampiga farasi mpaka aanguke, kisha amwua msichana aliyemwamini, na mwisho ananyongwa na maiti yake kupasuliwa na madaktari. Hogarth alikusudia zifike kwa watu wa chini kabisa, hata akajaribu kuchonga mbili za mwisho kwa ubao ili ziwe rahisi zaidi, ingawa gharama zilimshinda. Uingereza ilipata sheria yake ya kwanza ya kuzuia ukatili kwa mifugo mwaka 1822, yeye akiwa ameshakufa miaka 58. Mbegu nyingine huchelewa kuota.

Siku za mwisho

Uzee wake haukuwa wa amani. Mwaka 1762 alijiingiza katika ugomvi wa siasa kwa kuchora picha ya kuitetea serikali, na rafiki wa zamani, John Wilkes, akamshambulia vikali gazetini. Hogarth akalipiza kwa kumchora Wilkes mwenye makengeza na tabasamu la hila. Vita hivyo havikumjenga yeyote. Kalamu iliyokuwa ikiwatetea wasio na sauti ilitumika kulipizana visasi, na pande zote mbili zikaumia. Afya yake ikadhoofika, akafariki usiku wa tarehe 25 kuamkia 26 Oktoba 1764. Alizikwa Chiswick, katika uwanja wa kanisa la Mtakatifu Nikolao, na rafiki yake, mwigizaji David Garrick, akamtungia beti za kuandikwa kaburini. Jane aliendelea kuuza picha zake. Mwaka 1767 Bunge lilimwongezea mjane huyo haki ya picha hizo kwa miaka 20, naye akaishi hadi mwaka 1789.

Miaka 24 baada ya kifo cha Hogarth, watu waliopinga biashara ya watumwa huko Uingereza walipiga chapa mchoro wa meli iitwayo Brookes, ukionyesha jinsi Waafrika walivyolazwa ndani yake bega kwa bega kama mizigo. Mchoro huo ulitundikwa katika nyumba nyingi, na walioutazama hawakuweza kusema kwamba hawakujua. Wachoraji wake walikuwa wengine, lakini njia ni ileile: picha rahisi, yenye ukweli, ya kufika kila nyumba.

Twajifunza nini?

Kwanza, sanaa haifanyi kazi peke yake. Mtaa wa Jini ulihitaji hakimu, askofu na wabunge. Picha ya Coram ilihitaji Coram. Anayengoja wimbo au mchoro ufanye kazi ya kamati atangoja sana. Lakini kamati isiyo na mtu wa kuonyesha jambo lenyewe kwa macho nayo hungoja vilevile.

Pili, Hogarth hakuchora shida za watu kisha akaenda zake na fedha. Aliyechora watoto waliopotea alikaa katika mikutano ya kuwatunza, akawalisha mezani pake. Aliyechora wagonjwa aliifanya kazi hospitalini bila ujira. Kwa ajili hiyo watu waliamini picha zake.

Tatu, na hili nawaambia hasa wazazi na walimu wa Shule ya Jumapili. Katika kila mtaa wetu yupo kijana anayechora katuni nyuma ya daftari lake, au anayetunga igizo, au anayepaka rangi ubavuni mwa basi. Mara nyingi tunamnyang'anya daftari na kumwambia asome. Na asome, ndiyo. Lakini tumpe pia ukuta wa ukumbi wa parokia, na tumpe jambo la kuchora: kisima kilichochafuliwa, msichana aliyeozwa mapema, baba anayemaliza mshahara kilabuni kabla ya kufika nyumbani. Kisha tukae tutazame alichokichora, hata kama tutajiona sisi wenyewe pembeni, juu ya farasi, tukisoma barua.